Mehboob Khan: maswali yanayoulizwa mara kwa mara kuhusu mwenye Mother India

Wengi humfahamu Mehboob Khan, mtengeneza filamu wa India, kupitia picha moja tu: mwanamke mwenye tope usoni, plau ya ng'ombe begani, analima shamba kana kwamba yeye ndiye ng'ombe. Mwanamke huyo ni Nargis, filamu ni Mother India ya mwaka 1957, na aliyemvisha ile nira alikuwa kijana wa kijijini aliyeingia kwenye sinema kama mmoja wa wezi arubaini wa Alibaba. Haya hapa ndiyo maswali ninayoulizwa zaidi. Mengine nimeyajibu kwa mstari mmoja, mengine kuyafupisha kumenishinda.

Khan yupi huyu? Ni jamaa ya Shah Rukh, Salman au Aamir?

Si jamaa yao. Khan kwa Waislamu wa India ni kama Juma kwetu, ukilifuata jina hulifikii kaburi la babu mmoja. Mehboob Ramzan Khan alizaliwa mwaka 1907 Bilimora, mji mdogo wa Gujarat uliokuwa chini ya dola la Baroda, akafariki Bombay (leo Mumbai) tarehe 28 Mei 1964. Hao Khan watatu wote walizaliwa 1965. Jina la Mehboob lenyewe halihitaji mkalimani: ni mahabubu, yule yule wa kwenye mashairi na taarabu.

Alikuwa mtayarishaji au mwongozaji?

Vyote viwili, na bila kulielewa hilo humwelewi. Mtayarishaji ndiye anayetafuta pesa, analipa mishahara na kubeba hasara. Mwongozaji ndiye anayesema kamera ikae wapi na mwigizaji alie vipi. Mwongozaji wa kuajiriwa akitaka siku tatu zaidi za kungoja mawingu, ofisini kuna mtu atamuuliza: nani analipa? Kwa Mehboob, muulizaji na mjibuji walikaa kichwa kimoja.

Kuanzia 1935 hadi 1942 aliongoza filamu za wenye kampuni wengine. Kuanzia Najma ya 1943 alifanya kazi chini ya jina lake, Mehboob Productions. Makosa yake makubwa na mafanikio yake makubwa yote yako upande huu wa pili, alipokuwa akicheza kamari na pesa yake mwenyewe.

Aliingiaje kwenye sinema?

Kwa mlango wa nyuma. Husimuliwa kwamba alitoroka nyumbani akiwa kijana, baba akamrudisha, akatoroka tena, na kwamba kazi yake ya mwanzo Bombay ilikuwa kwenye zizi la farasi wa kukodisha kwa watengeneza filamu. Kilicho wazi ni kwamba alijipenyeza Imperial Film Company ya Ardeshir Irani, akawa mmoja wa wale wanaojaza fremu: askari, mpita njia, mwizi. Mwaka 1927 alikuwa miongoni mwa wezi arubaini katika filamu ya Alibaba, enzi za filamu bubu.

Irani huyo huyo ndiye aliyetengeneza Alam Ara mwaka 1931, filamu ya kwanza ya India yenye sauti. Mehboob alifikiriwa kuwa stelingi, kisha nafasi akapewa Master Vithal, aliyekuwa na jina tayari. Naamini lile pigo lilimfaa. Wangempa, pengine leo tungemkumbuka kama mwigizaji wa filamu ambayo nakala zake zote zimepotea.

Alihamia Sagar Movietone, akaigiza kidogo, na mwaka 1935 akapewa kuongoza Al Hilal, ambayo pia iliitwa Judgement of Allah. Ilikuwa hadithi ya vita vya Waislamu na Warumi, yenye harufu ya wazi ya filamu za Cecil B. DeMille wa Hollywood. Hamu ya kujaza fremu na umati wa watu haikumtoka tena.

Ni kweli hakujua kusoma na kuandika?

Shule aliipata kidogo sana. Alisomewa miswada, akasikiliza, akabishana. Ndiyo maana alikuwa na waandishi wake wa karibu, kama Wajahat Mirza, aliyeandika maneno ya Mother India pamoja na S. Ali Raza. Watu wa aina hii tunao hata kwetu: wazee ambao saini yao ni dole gumba, lakini ukiwapunja senti tano kwenye mahesabu wanakuita urudi.

Mbona nembo ya kampuni yake ina mundu na nyundo? Alikuwa mkomunisti?

Hakuwa mwanachama wa chama cha kikomunisti. Ila alikuwa upande wa mkulima na mfanyakazi, na hakulificha hilo. Roti ya mwaka 1942, ambayo jina lake ni mkate tu, ni filamu ya kuishambulia pesa na wanaoiabudu, na ndani yake yumo Akhtaribai Faizabadi, ambaye baadaye dunia ilimjua kama Begum Akhtar, malkia wa ghazal, mashairi ya mapenzi ya kuimbwa.

Sasa linalofurahisha. Nembo yenye mundu na nyundo ikitokea, sauti inasoma ubeti wa Kiurdu wenye maana hii: hata maadui laki wakikutakia mabaya, litakalokuwa ni lile tu alilolikubali Mungu. Alama ya Moscow na maneno ya takdiri kwenye fremu moja. Wasomi hupenda kuuliza mtu anawezaje kuamini yote mawili. Nadhani mkulima mwenye deni na mvua iliyochelewa hawezi kuuliza swali hilo.

Nakala fupi ya Mother India iliyotengenezwa kwa ajili ya watazamaji wa nje iliondolewa nembo hiyo. Ilikuwa miaka ya Vita Baridi.

Nasikia Mother India ni marudio. Ya filamu gani?

Ya Aurat, filamu yake mwenyewe ya 1940. Aurat maana yake mwanamke. Hadithi ni ile ile, majina ni yale yale: Radha, mumewe Shamu, watoto Ramu na Birju, na mla riba Sukhilala. Radha wa 1940 alikuwa Sardar Akhtar, ambaye Mehboob alimuoa mwaka 1942 akawa mke wake wa pili. Shamu aliigizwa na Arun Ahuja, na hapa wapenzi wa Kihindi cha miaka ya tisini huruka kitini: huyo ni baba yake Govinda.

Wa kumwangalia kwa makini ni Kanhaiyalal. Aliigiza Sukhilala mwaka 1940, na miaka 17 baadaye akaitwa kuigiza Sukhilala yule yule. Radha alibadilishwa, Birju alibadilishwa, rangi ilikuja, uhuru ulikuja, nchi ikagawanywa, lakini mla riba akabaki yule yule. Sijui kama Mehboob alikusudia utani huo. Ni utani mkali.

Mpigapicha naye hakubadilika. Faredoon Irani alishika kamera kwenye filamu zote mbili, na karibu kila filamu ya Mehboob iliyo kati yake.

Mother India inahusu nini hasa?

Kama hujaiona na hutaki kuharibiwa utamu, ruka swali hili.

Inaanza na Radha, sasa bibi kizee, anayeombwa kufungua mfereji mpya wa kumwagilia mashamba. Anavishwa shada, ananusa maua, na kumbukumbu zinamrudisha siku ya harusi yake. Harusi hiyo mama mkwe aliigharamia kwa kukopa rupia 500 kwa Sukhilala. Mama mkwe hajui kusoma, na wazee wa kijiji wanapoitwa kuamua, karatasi ndiyo inayoshinda: robo tatu ya mavuno ni ya Sukhilala, kila msimu, kama riba tu. Deni lenyewe halipungui.

Baada ya hapo ni msiba juu ya msiba. Shamu anapondwa mikono na jabali walipokuwa wakisafisha ardhi mpya, anakatwa yote miwili, na usiku mmoja anaondoka asirudi tena. Mafuriko yanakuja. Mtoto mchanga anakufa. Ndipo Radha anajivisha plau.

Ukitaka kuiona filamu kwa jicho la Mehboob, fuata bangili. Radha ana jozi ya bangili za harusi zinazoishia kwa Sukhilala pamoja na kila kitu kingine. Birju, mtoto mkorofi, anazikumbuka bangili hizo tangu utotoni. Hajali daftari la madeni, hajali ng'ombe, anataka bangili za mama. Akikua anakuwa jambazi, anamuua Sukhilala, kisha anamteka binti wa Sukhilala siku ya harusi yake. Radha anasimama na bunduki. Anamwambia mwanawe amwache binti wa watu, kwa sababu heshima ya binti huyo ni heshima ya kijiji kizima. Birju haamini kama mama atafyatua. Anafyatua. Birju anarudi akiyumba, anaanguka mikononi mwa mama, na anachomkabidhi ni zile bangili, zina damu.

Kisha tunarudi kwenye mfereji. Maji yanayoingia shambani ni mekundu.

Kwa mtazamaji wa pwani aliyelelewa na sheria ya kwamba stelingi hafi, mwisho huu ulikuwa kama kuvunjiwa mkataba. Ukitulia ndipo unapogundua sheria haikuvunjwa. Stelingi alikuwa mama tangu mwanzo, sisi ndio tuliodhani ni Sunil Dutt, aliyeigiza Birju.

Jina hilo la Kiingereza lilitoka wapi?

Mwaka 1927 mwandishi wa Marekani, Katherine Mayo, alitoa kitabu kiitwacho Mother India kilichowachora Wahindi, hasa namna wanavyowatendea wanawake, kama watu wasiostahili kujitawala. Kitabu kiliwaudhi Wahindi wa kila chama. Mehboob akalichukua jina lile lile kwa makusudi. Serikali ya Delhi iliposikia kuna filamu ya jina hilo iliingiwa na wasiwasi, ikaomba kuuona mswada. Akaupeleka na barua ya kueleza kwamba filamu yake ni kinyume cha kitabu.

Kuna sehemu ya wimbo wa mavuno ambapo kamera inapanda juu na watu shambani wanaonekana wamepangwa kwa umbo la ramani ya India, ile ya kabla ya kugawanywa mwaka 1947. Sekunde chache tu.

Ule moto wa Mother India ulikuwa wa kweli?

Ulikuwa wa kweli. Walikuwa wakipiga picha kijiji cha Umra, karibu na Surat. Marundo ya nyasi kavu yaliwashwa moto, Nargis akiwa katikati kama hadithi ilivyotaka, na upepo ukageuka. Sunil Dutt, aliyekuwa anaigiza mwanawe, aliingia akamtoa, wote wawili wakaungua. Walipendana katika kuuguzana, wakaoana tarehe 11 Machi 1958.

Fikiria upande wa mtayarishaji. Una filamu inayosimama juu ya mama na mwana, na mama na mwana wanataka kuoana. Inasemwa Mehboob aliwaomba wasiitangaze habari hiyo mpaka filamu itoke. Mimi ningewaomba hivyo hivyo.

Na Sunil Dutt hakuwa chaguo la kwanza. Mehboob alimtaka Sabu, kijana wa Mysore aliyekuwa nyota wa Hollywood, mipango ikachelewa na Sabu akaondoka. Dutt alikuwa mtangazaji wa zamani wa Radio Ceylon ambaye bado hajawa na jina.

Ilishinda Oscar?

Haikushinda. Ilikuwa filamu ya kwanza ya India kuingia kwenye tano bora za lugha ya kigeni, katika tuzo za Machi 1958. Mshindi alikuwa Nights of Cabiria ya Federico Fellini wa Italia. Habari kwamba ilishindwa kwa kura moja utaisikia kila mahali, lakini waandaaji hawachapishi hesabu ya kura, kwa hiyo ichukue kama hadithi ya barazani. India ilisubiri hadi Salaam Bombay! ya 1988 kuingia tena, halafu Lagaan ya 2001, nayo ni ya kijiji, ukame na mnyonge anayedaiwa. Nyumbani ilizoa tuzo za Filmfare, ikiwemo filamu bora na mwongozaji bora, na Nargis akapewa tuzo ya mwigizaji bora wa kike kule Karlovy Vary, Chekoslovakia, 1958.

Nargis aligunduliwa na Mehboob?

Alikuwa ameshaonekana kwenye filamu utotoni, mama yake Jaddanbai akiwa mwimbaji na mtengeneza filamu. Lakini aliyempa nafasi ya mbele akiwa na miaka 14 ni Mehboob, katika Taqdeer ya 1943. Taqdeer, yaani takdiri. Ukiipitia orodha ya filamu za Mehboob, sikio la Kiswahili linanyanyuka kila hatua: Al Hilal ni hilali, Watan ni watani kwa maana ile ya kale ya nchi ya mtu, Najma ni Najma.

Andaz ndiyo ile ya Dilip Kumar na Raj Kapoor pamoja?

Ndiyo, 1949, na nyota hao wawili hawakukutana tena kwenye filamu nyingine maisha yao yote. Katikati yao yupo Nargis. Jumba la sinema la Liberty la Bombay lilifunguliwa na filamu hiyo. Ni pembe tatu ya mapenzi ya watu matajiri wenye piano, mbali kabisa na plau, na inaonesha Mehboob alijua biashara: kwanza jaza viti, halafu ndiyo udai mashamba yako.

Aan ilikuwa ya kwanza ya rangi?

Si ya kwanza ya rangi India, ila ilikuwa ya kwanza kuchapishwa kwa Technicolor, mwaka 1952. Ujanja wake ni huu: walipiga kwa filamu nyembamba ya milimita 16 ya Gevacolor, kisha ikakuzwa hadi milimita 35 na kuchapishwa London. Mahesabu ya mtu anayelipa mwenyewe! Nargis alikuwa ameanza kazi kama binti wa mfalme, akajitoa, nafasi ikaenda kwa msichana mgeni, Nadira. Kule Uingereza filamu iliuzwa kwa jina la Savage Princess. Naushad, mtunzi wa muziki wa Mehboob kwa miaka mingi, alitumia okestra ya watu mia moja, jambo lisilozoeleka wakati huo.

Kuna filamu zilizomwangusha?

Amar, 1954. Mwanasheria mwenye heshima zake, Dilip Kumar, anambaka msichana maskini wa kijijini, kisha ananyamaza. Watazamaji walikataa kumwona kipenzi chao hivyo. Ningekushauri uitafute, kwani ni filamu ngumu kuliko umri wake. Mtayarishaji wa kuajiri mwongozaji angeubadilisha mswada ule siku ya kwanza.

Ya mwisho, Son of India ya 1962, nayo haikuuza. Uliobaki ni wimbo wake wa watoto, Nanha Munna Rahi Hoon, ambao watoto wa shule India wanauimba mpaka leo siku za taifa. Mtoto aliyeigiza ni Sajid Khan, aliyelelewa na Mehboob kama mwanawe, na ndiye yule Birju mdogo wa Mother India mwenye kununia bangili. Alikuja kuonekana kwenye tamthilia ya runinga ya Marekani, Maya, mwishoni mwa miaka ya sitini.

Kwa nini filamu hizi zilipendwa huku kwetu?

Unguja ilikuwa na Majestic, Mombasa Regal na Naaz, Dar es Salaam Avalon na Empire, na picha za Kihindi zilijaza watu ambao hawakujua neno la Kihindi zaidi ya majina ya vyakula. Yalikuwepo maonyesho ya zanana, wanawake peke yao, ambako kulia kwa sauti hakukuwa aibu. Nyimbo zikatoka ukumbini zikaenda kwenye taarabu, tuni ya Bombay na maneno ya Kiswahili. Familia nyingi za Wahindi waliomiliki majumba hayo zilikuwa na asili ya Gujarat na Kachi, majirani wa kwao Mehboob.

Marehemu bibi yangu hakuhitaji tafsiri ya Sukhilala. Daftari la duka, kidole kwenye wino, karafuu iliyouzwa ikiwa bado mtini: yote aliyajua. Kila Kanhaiyalal alipotokea na mwavuli wake, bibi alisonya hata kama amekwisha kuiona mara kumi.

Studio yake bado ipo?

Ipo Bandra, Mumbai. Aliijenga mwaka 1954, akaikodisha kwa wengine pia. Mwongozaji Guru Dutt alipigia humo Kaagaz Ke Phool ya 1959. Hilo nalo ni akili ya mtayarishaji: filamu ikianguka, kodi ya ukumbi inaingia.

Alikufaje?

Moyo. Jawaharlal Nehru, waziri mkuu wa India, alifariki tarehe 27 Mei 1964, Mehboob akamfuata kesho yake, akiwa na miaka 56. Mwaka mmoja kabla alikuwa amepewa nishani ya Padma Shri. Mezani aliacha mpango wa filamu ya Habba Khatoon, malkia mshairi wa Kashmir.

Nianze na ipi?

Usianze na Mother India. Anza na Aurat, hata nakala ikiwa na mikwaruzo. Kariri uso wa Sukhilala, jinsi anavyoinamisha kichwa anapohesabu. Halafu weka Mother India, uangalie anapoingia mlangoni, mvi zimeongezeka, daftari ni lile lile.